Wakulima wa Vugiri na Sinema Zisizosema

Mwaka 1936 mtoto mmoja wa Kizanaki kutoka Butiama alikuwa akikamilisha masomo yake katika shule ya Mwisenge, mjini Musoma. Alikuwa ameingia shuleni mwaka 1934 akiwa na umri wa miaka 12. Lugha aliyotoka nayo nyumbani ilikuwa Kizanaki, na Kiswahili alijifunza huko huko darasani. Mwaka 1937 alikwenda Tabora, na mengine yaliyomhusu Mwalimu Julius Nyerere baada ya hapo kila mwananchi anayajua.

Jambo lisilojulikana na wengi ni kwamba katika miaka hiyo hiyo, upande wa pili wa Tanganyika, wakulima wa milimani walikuwa wakichezeshwa sinema. Pale Vugiri, katika milima ya Usambara juu ya Korogwe, Wazungu wachache wakisaidiwa na vijana wa Kiafrika walikuwa wamefungua karakana ya picha. Waliwapiga picha wakulima na vibarua wakiigiza visa vya maisha yao, wakazisafisha picha hizo huko huko mlimani, kisha wakazipakia katika lori lililokwenda kuzionyesha vijijini. Waigizaji hawakuwa watu waliosomea kazi hiyo. Walikuwa watu wa kawaida, waliotoka shambani wakaambiwa waendelee kuishi mbele ya kamera kama walivyokuwa wakiishi siku zote.

Mpango huo uliitwa Jaribio la Sinema za Elimu kwa Wabantu, nao ulijulikana kwa herufi zake za Kiingereza, BEKE. Ulidumu tangu mwaka 1935 hadi 1937, na katika muda huo mfupi zilitengenezwa sinema 35. Tukizungumzia mwanzo wa michezo ya sinema iliyowahusu wakulima wetu na kuchezwa na wakulima wenyewe, hapana budi tupande mlima hadi Vugiri.

Asili ya mpango wenyewe ilikuwa mbali na Usambara. Mmarekani J. Merle Davis, aliyeongoza idara ya utafiti katika Baraza la Kimataifa la Wamisionari, alikuwa ameongoza uchunguzi katika migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia, na mwaka 1933 ukatoka kitabu kuhusu uchunguzi huo. Aliona vijana wakihama vijiji kwa maelfu kufuata mshahara, na vijiji vikibaki na wazee, akina mama na watoto. Davis aliamini kwamba sinema ingeweza kuwaeleza watu wa vijijini mabadiliko yaliyokuwa yakiwajia. Shirika la Carnegie la New York lilitoa fedha, na makampuni ya migodi yakachangia. Ndugu msomaji atajiuliza kwa nini mwenye mgodi atoe fedha zake kumtengenezea mkulima sinema. Ni swali zuri, na jibu lake limo ndani ya sinema zenyewe.

Aliyeshika kamera alikuwa Meja L. A. Notcutt, mtu aliyepata kusimamia mashamba ya mkonge, ambaye kabla ya hapo alikwisha kufikiri kwamba sinema shambani ingesaidia kuwafanya vibarua waridhike na kazi. Upande wa elimu ulisimamiwa na G. C. Latham, aliyekuwa mkurugenzi wa elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini. Mwaka 1937 wawili hao walitoa kitabu kuhusu kazi yao, na humo wanaonekana kuwa watu wenye bidii na wenye kuwapenda waigizaji wao kwa namna yao, lakini ambao hawakupata kushuku hata siku moja kwamba mkulima huenda alikuwa na jambo la kuwafundisha wao.

Picha bubu, santuri yenye maneno

Sinema hizo zilikuwa bubu. Ukanda wake wa milimita 16 ulibeba picha tu, na haukuwa na sauti hata kidogo. Sauti ilirekodiwa kando, kwenye santuri, na wakati wa maonyesho mtu mmoja aliendesha mashine ya picha huku gramafoni ikizungushwa pembeni. Wenye umri mkubwa wanaokumbuka gramafoni wanaweza kukisia taabu yake. Sindano ikiruka mstari mmoja, maneno yanatangulia picha. Ukanda ukikatika na kuungwa, picha inapungua na maneno yanabaki yale yale. Mzee anaonekana akinywa uji, na sauti tayari inazungumzia choo.

Walichagua njia hiyo kwa sababu ilikuwa rahisi kwa gharama, na pia kwa sababu ya lugha. Picha moja iliweza kuwekewa santuri ya Kiswahili ikionyeshwa Tanga, ya Kisukuma ikionyeshwa Usukuma, ya Kikikuyu, ya Kijaluo, ya Kiganda, ya Kinyanja, ya Kibemba, au ya Kitumbuka. Mkulima yule yule wa Usambara, bila kufumbua kinywa chake, alisikika akisema lugha ambazo hajapata kuzisikia maishani mwake.

Hebu tuufikirie mkoa wetu wa Mara. Santuri ya Kijaluo ingefaa upande wa Rorya. Ya Kisukuma ingepata wasikilizaji Bunda. Lakini Wazanaki wa Butiama, Waikizu, Wajita, Wakwaya, Waruri, Wakabwa, Wasizaki, Wangoreme, Waikoma, Wanata, Waisenye na Wakurya wasingepata santuri yao. Kwao ingechezwa ya Kiswahili, na mwaka 1936 bibi kizee wa Butiama asiyekijua Kiswahili angehitaji mjukuu anayesoma Mwisenge aketi kando yake na kumfasiria. Maneno yaliyoandikwa na Mzungu na kusomwa kwenye santuri na mtu wa pili yangemfikia kwa kinywa cha mtoto, na mtoto, kama tunavyowajua watoto wetu, angeyapunguza hapa na kuyaongeza pale.

Visa vya milimani

Miongoni mwa sinema hizo ilikuwamo moja kuhusu Benki ya Akiba ya Posta, nayo ilikuwa ya kwanza kutengenezwa. Kisa chake ni chepesi. Vibarua wawili wamepokea mshahara. Mmoja anaupeleka posta, akaandikiwa katika kitabu. Mwenzake anauficha ardhini nyumbani kwake, na mwizi anaufukua. Watazamaji walikielewa kisa hicho bila taabu, kwa kuwa mwizi hahitaji santuri. Hata hivyo mtu wa Mara angeuliza swali ambalo waandishi wa mchezo hawakulitia katika hesabu: kwa nini hawa wawili wasinunue ng'ombe? Kwa mfugaji wa zama zile, akiba iliyokaa kitabuni bila kuzaa ndama ilikuwa jambo la kustaajabisha kuliko mwizi.

Nyingine iliitwa Gumu, jina la kijana wa shamba anayekutana na hatari za mjini. Iko iliyoeleza kodi inafanya kazi gani. Zipo zilizohusu lishe, malaria kwa watoto wachanga, mmomonyoko wa udongo, na uuzaji wa mahindi. Walijaribu hata kuigiza ngano ya Sungura na Chui, na hapo, kwa maoni yangu, ndipo walipokaribia kabisa kumpa mtazamaji kitu kilicho chake.

Haitakuwa haki kuzidharau zote. Ile ya safura, yaani ugonjwa uletwao na minyoo iingiayo kwa nyayo za miguu, ilifundisha jambo la kweli. Minyoo ya safura hunyonya damu tumboni, mayai yake hutoka na kinyesi, na mtu akijisaidia porini huwapanda shambani kama mbegu. Choo cha shimo huuvunja mzunguko huo, na kilimo cha matuta kweli huzuia udongo wa mlimani usiteremke mtoni. Mama aliyetoka kwenye maonyesho akaenda kumdai mumewe achimbe choo hakupoteza jioni yake.

Lakini tazama yaliyoachwa nje ya picha. Mkulima alielezwa faida ya kodi, hakuonyeshwa jela ya aliyeshindwa kuilipa. Alionyeshwa namna ya kutunza mshahara, hakuulizwa kama mshahara ulimtosha. Alionyeshwa kijana akiharibika mjini, na hakuna aliyemweleza ni nini kilichomsukuma kijana huyo aache shamba la baba yake. Katika visa vile lawama ilimwangukia yule yule mwenye miguu pekupeku, ambaye alikuwa mbele ya kamera lakini hakuwa na sauti ya kujibu. Mwenye mgodi alikuwa na sababu ya kutoa mchango wake.

Kuku aliyeonekana

Mwaka 1937 serikali za kikoloni zilikataa kuendelea kubeba gharama, na karakana ya Vugiri ikafungwa. Vita Kuu ya Pili ilipoanza mwaka 1939, Waingereza waliunda kitengo chao cha sinema za makoloni, kikiongozwa na William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya Nigeria. Sellers alishika imani kwamba Mwafrika hawezi kuielewa sinema ya kawaida. Akaagiza picha ziende polepole, kamera isihamehame, na mambo yasirukwe. Nyingi ya sinema hizo nazo zilionyeshwa bila sauti, na mahali pa santuri alisimama mtu mwenye kipaza sauti kando ya kitambaa cheupe, akiwaeleza watu kile wanachokiona.

Kiko kisa kimoja cha zama hizo ambacho Wazungu walipenda kukisimulia. Kilitolewa na Mwingereza John Wilson, na mwandishi wa Kanada Marshall McLuhan akakieneza katika kitabu chake cha mwaka 1962. Wanakijiji wa Afrika walionyeshwa sinema ya polepole sana kuhusu usafi: bwana afya akiondoa maji yaliyotuama katika makopo, hatua kwa hatua. Walipoulizwa wameona nini, walijibu kwamba wameona kuku. Watengenezaji walishangaa, kwa kuwa wao wenyewe hawakujua kama mlikuwa na kuku. Wakaurudia ukanda picha baada ya picha, wakamkuta kweli: kuku aliyekatiza pembeni kwa muda wa sekunde moja hivi.

Kisa hicho kilitolewa kama ushahidi kwamba Mwafrika hajui kutazama. Mimi naona kinashuhudia kinyume chake. Watu waliomwona kuku walikuwa na macho makali kuliko wale waliompiga picha bila kujua. Zaidi ya hayo, katika ua wa mkulima kuku ni mali ya mama wa nyumbani. Ndiye sabuni, ndiye chumvi, ndiye kitoweo cha mgeni. Makopo yale hayakuwa na mwenyewe.

Na huyo msemaji wa kando ya kitambaa alikuwa mtu mwenye uwezo mkubwa kuliko bwana wake alivyodhani. Bwana hakuijua lugha ya kijiji, kwa hiyo hakuwa na njia ya kuhakiki kila lililosemwa. Huko Japani, wakati wa sinema bubu, wasemaji wa namna hiyo waliitwa benshi, na watu walikata tiketi kwenda kumsikiliza benshi fulani bila kujali sinema gani inaonyeshwa. Dar es Salaam nayo ilikuja kumpata wa kwake. Lufufu alijipatia sifa kwa kuzisemea kwa Kiswahili filamu za kigeni, akiwapa wahusika wa Marekani na Hong Kong maneno ya mitaani kwetu. Mfanyakazi aliyemsikiliza hakuwa akipata tafsiri tu, bali alipata hadithi mpya yenye picha ya zamani.

Mwigizaji aliyepata sauti

Tanganyika ilipoanza kutengenezewa michezo ya sinema yenye sauti ya Kiswahili, kisa kilikuwa bado ni kile cha Gumu. Muhogo Mchungu, wa mwanzoni mwa miaka ya 1950, ulimhusu mtu wa shamba anayefika mjini na kupambana na watu wajanja. Mwigizaji wake mkuu alikuwa kijana mtumishi wa serikali aliyefanya kazi katika sinema za ustawi wa jamii. Jina lake Rashidi Mfaume Kawawa.

Hapo historia ilitenda jambo ambalo hakuna mwandishi wa michezo ya kikoloni aliyelitazamia. Mwaka 1955 mwigizaji huyo akawa Katibu Mkuu wa Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi wa Tanganyika, na Januari 1962 akawa Waziri Mkuu, akipokea nafasi hiyo kwa yule yule mwanafunzi wa Mwisenge. Mtu aliyepewa nafasi ya mshamba wa kuchekwa mbele ya kamera ndiye aliyekuja kusimama mbele ya wafanyakazi na kuwasemea kwa sauti yake mwenyewe. Mzee Kawawa alifariki tarehe 31 Desemba 2009.

Baada ya Uhuru iliundwa Kampuni ya Filamu Tanzania, na katika miaka ya 1970 ikatoa Fimbo ya Mnyonge, inayomhusu kijana anayekimbilia Dar es Salaam na kurudi akiwa amejifunza maisha ya kijiji cha ujamaa. Njia ni ile ile, kutoka shamba hadi mji na kurudi, lakini mkulima alisema mwenyewe, kwa Kiswahili, na maneno yalitungwa nyumbani.

Mara na kamera zilizotazama juu ya vichwa

Je, watu wa Mara walipata bahati gani katika sinema za zamani? Ukweli ni kwamba kamera zilizokuja upande wetu zilifuata wanyama. Mwaka 1928 Wamarekani Martin na Osa Johnson walitoa sinema yao bubu iliyoitwa Simba. Mwaka 1959 Mjerumani Bernhard Grzimek akatoa ile ya Serengeti, iliyopata tuzo ya Oscar mwaka 1960. Mwanawe Michael alikufa kwa ajali ya ndege wakati wa kazi hiyo, Januari 1959. Sinema hiyo iliitangaza Serengeti duniani kote. Bunda iko mlangoni kabisa mwa mbuga hiyo upande wa magharibi, lakini mtazamaji wa Ulaya alijifunza njia za nyumbu kuliko alivyojifunza majina ya watu waliolima na kuchunga kandokando yake.

Kwa hiyo mtu anayetaka kuona mkulima wa Tanganyika wa mwaka 1936 akitembea, akicheka, akishika jembe, hana budi kutazama zile za BEKE. Na hapo ndipo msiba ulipo. Katika sinema 35, zinazojulikana kusalimika ni tatu tu, na zimehifadhiwa London katika hazina ya Taasisi ya Filamu ya Uingereza: ile ya safura, ile ya mafunzo ya utabibu wa mifugo, na ile ya mashamba ya wakulima ya Kingolwira, karibu na Morogoro. Mchezo wa vibarua wawili na mwizi haupo. Gumu hayupo. Sungura na Chui hawapo. Na santuri, ambazo zilivunjika kwa urahisi kuliko sahani, ndizo zilizokuwa na sauti za Waafrika wenzetu wa zama hizo.

Hata hivyo si kila kilichopotea kimekufa. Mwaka 1927 Mmarekani Karl Brown alitengeneza mchezo bubu ulioitwa Stark Love katika milima ya North Carolina, akiwatumia watu wa milimani wenyewe katika nafasi nyingi. Kwao sinema hiyo ilitoweka kabisa, ikadhaniwa imekwisha. Mwishoni mwa miaka ya 1960 mwanahistoria wa Uingereza Kevin Brownlow akaikuta Prague, katika hazina ya Chekoslovakia, mahali ambapo hakuna mtu wa North Carolina ambaye angefikiri kuitafuta.

Sinema za Vugiri zilizungushwa kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Malawi na Zambia za leo. Zilipita kwenye misheni, maboma, shule na mashamba makubwa. Stoo za mahali kama hapo hazifagiliwi mara kwa mara. Anayefanya kazi katika jengo la zamani, awe Musoma, Bunda au kwingineko, akikuta kopo la bati la mviringo, bapa, lenye ukanda uliozungushwa ndani, asilitupe wala asilipeleke kwa mtu alijaribu katika mashine, maana ukanda uliokauka hukatika vipande vipande. Ukitoa harufu ya siki, umeanza kuoza. Aufunge mahali pakavu pasipo joto na apeleke habari makumbusho au Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa.

Kuna na kipimo kimoja ambacho hata mtoto anaweza kukifanya bila mashine. Ukanda wa milimita 16 wenye sauti huwa na vitundu upande mmoja tu, kwa sababu upande wa pili umeachwa kuwa njia ya sauti. Ule usiosema una vitundu pande zote mbili.